Jina Tuliloliruka

Nianze na pasi, maana siku ile nilikuwa napiga pasi. Ilikuwa Jumatatu ya mwezi wa pili, mwaka sitini na mbili, na mji wetu wa Kalemie ulikuwa bado unaitwa Albertville. Mvua ya asubuhi ilikuwa imekatika, makaa yameshika vizuri, na mimi, Adrienne, nilisimama barazani nikinyoosha mashati meupe ya kaka yangu Hubert. Huyo alikuwa karani wa biro, yaani wa ofisini, mtu ambaye shati likibaki na kunyanzi moja tu nyumba nzima haikai. Mama alikuwa anachambua maharagwe. Mdogo wetu Casimir alikuwa chumba cha nyuma, tukidhani amejinyoosha kidogo baada ya zamu ya usiku. Wajukuu huniambia nikisimulia nitie bundi, nitie paka mweusi. Hapakuwa na bundi. Palikuwa na pasi na maharagwe.

Casimir alikuwa mtu wa breki kwenye treni za mizigo. Mwaka uliotangulia, wakati wa vita, treni yake ilipigwa risasi njiani kwenda Nyunzu, na wafanyakazi waliobaki hai wakaamriwa kuwatoa waliokufa ndani ya behewa moja, kwa mikono yao. Alikuwa na miaka ishirini na minne. Alirudi mzima, hata mkwaruzo hana. Tulimshukuru Mungu, tukachinja kuku, tukaalika majirani. Kuku yule Casimir hakumgusa.

Kutoka hapo hakuwa yule tuliyemjua. Kazini alikwenda kwa saa yake, lakini nyumbani angeacha sahani katikati akatoka nje. Ungemkuta anafunga kamba za viatu na machozi yanamtiririka, uso umetulia tu, kama machozi ni ya mtu mwingine. Hubert akasema neno hilo lisitoke nje ya uzio wetu, kwa sababu mtu akijulikana ana kichwa kibovu, reli haimtaki tena na ukoo wake haupati mke. Mama akampeleka kwa siri kwa mufumu, mganga mmoja ng'ambo ya mto Lukuga. Mufumu akamwogesha majani mara mbili na kusema kuna mwenzake wa kazini anayemwonea wivu. Tukatikisa vichwa kukubali. Ilikuwa rahisi kwetu kumchukia mtu wa kazini tusiyemjua kuliko kukaa na Casimir tukamwuliza.

Mimi aliniambia mwenyewe. Ilikuwa Jumapili baada ya misa, tunamenya muhogo. Akasema, "Yaya, wale watu wa lile behewa bado wananiita. Nimechoka kuitika." Nami nikamjibu nini, mimi yaya wake, dada mkubwa, mwenye akili zangu zote? Nilimwambia anyamaze, majirani watasikia. Nikamwambia anywe chai yake. Akainywa yote, akanishukuru, akarudi ndani.

Basi Jumatatu ile mchana nilikwenda kumwita ale. Mlango haukuwa umefungwa. Alikuwa amejiua. Namna gani sisemi, na anayetaka kujua hilo tu asikae karibu yangu. Nilirudi barazani, nikaiondoa pasi juu ya shati maana ilianza kuunguza, nikamwambia Mama asiingie. Akaingia.

Baba mdogo Ngoy, mkubwa wa ukoo baada ya baba yetu kufa, aliletwa kwa baiskeli. Hakuketi hata kidogo. Kwetu wakati ule aliyejitoa uhai haliliwi. Hapiti mlangoni, asije akaukumbuka mlango akarudi kupitia huo. Wanaume wawili walibomoa ukuta wa chumba cha nyuma, chini kabisa, tundu la kupitisha mtu aliyelala, wakamtoa hapo akiwa ndani ya mkeka. Wakamzika mbele ya mashamba ya muhogo, ardhi ikasawazishwa, bila msalaba. Padri hakuitwa. Hubert alisema padri atakataa, kwa hiyo tusijiaibishe kwa kumwomba.

Mama aliuma kitambaa. Hakutoa sauti tangu mwanzo hadi mwisho. Kabla ya jioni tundu lilizibwa kwa matofali mabichi na udongo, na Baba mdogo Ngoy akatusimamisha sisi watatu, tukatema mate chini, kila mmoja kwa zamu. Tulikubali kwamba jina lile halitatamkwa tena. Hasa hasa, alisema, lisipewe mtoto, kwa sababu mtoto atakayelibeba atakwenda kwa njia ile ile.

Majirani waliambiwa Casimir amevuka ziwa kwenda Kigoma kutafuta kazi. Miezi ile watu walikuwa wanavuka kila wiki na mafurushi yao, kwa hiyo hakuna aliyeuliza mara mbili. Uongo ulikaa vizuri, ukapata mto wa kulalia. Kasoro ilikuwa moja tu. Casimir alikuwa na mke.

Wifi yangu Philomène alikuwa Moba kwa mama yake. Casimir mwenyewe alimpeleka huko mwezi wa kwanza kwa sababu ya vita, mimba ikiwa bado changa. Mwezi wa tano alishuka kwenye mashua na tumbo mbele, kwa sababu barua zake hazikujibiwa, na kwa sababu alitaka mtoto azaliwe kwa baba yake. Aliingia uani anacheka. Akauliza mume wake yuko wapi. Nilimtazama Mama, Mama akamtazama Hubert. Hubert akasema Kigoma.

Tena hakuishia hapo. Siku chache baadaye alikuja na kitenge alichonunua mwenyewe sokoni, akamwambia Philomène kwamba watu wa mashua wamekileta, kimetoka kwa Casimir na salamu nyingi. Philomène alikifunua, akakiweka puani, akakaa nacho muda. "Haina harufu yake," alisema. Akakikunja vizuri na kukiweka chini ya nguo nyingine.

Toka siku hiyo akaanza kumtukana mume wake. Philomène alikuwa na mdomo, tena mdomo wa kuchekesha. Akitwanga, atasema Casimir amepata mwanamke wa Kigoma mwenye matako kama pipa. Akiosha vyombo, atasema siku mwanamume huyo atakaporudi atamkuta ameolewa na mzee asiye na meno ila mwenye miguu isiyojua njia ya bandarini. Nasi tulicheka naye. Mama alicheka, mimi nilicheka. Mungu atusamehe, tulicheka hadi tukashika mbavu, maana tusingecheka angeona.

Tulimpa chumba cha mume wake. Tungempa kipi kingine bila kueleza?

Mwezi wa sita kiangazi kilikuwa kimeshika, vumbi barabarani, mito midogo imekauka. Siku moja nafagia chumba hicho nikaona kile kiraka cha udongo ukutani, pale palipozibwa tundu, kina maji. Sehemu nyingine yote ya ukuta ilikuwa kavu na nyeupe. Pale tu, kipande cha kupitisha mtu aliyelala, udongo ulikuwa mbichi kama umepakwa asubuhi ile. Hubert akasema ni ziwa. Kweli ziwa lilikuwa linapanda mwaka ule, na watu wa ufukweni walikuwa wameanza kuhama. Lakini sisi tulikaa mlimani, na nyumba za chini yetu kuta zao zilikuwa kavu.

Hubert alibandua udongo, akapaka mwingine. Haukukauka. Akapaka tena. Mara ya tatu akaleta simenti na kuipaka mwenyewe, amekunja mikono ya shati, hasemi na mtu. Philomène alipouliza ukuta umepatwa na nini, tukamwambia mchwa. Simenti nayo ilikaa wiki nzima laini, unaweza kuingiza kidole.

Halafu ikaja ile saa kumi. Saa kumi alasiri sireni ya karakana ya reli ililia kila siku, wafanyakazi wakatoka, na Casimir enzi zake alichukua dakika kama kumi na tano kufika nyumbani. Tulikuwa tunatwanga, Philomène na mimi, jua bado kali, watoto wa jirani wanacheza. Sireni ikalia. Tukaendelea kutwanga. Baada ya muda Philomène akasimamisha mchi wake, akanisogelea, akasema kwa sauti ya chini sana:

"Yaya, kule nyuma kuna muntu anatafuta mulango."

Nikamwambia ni mbuzi. Akaniambia amesikia siku sita mfululizo, akiwa amelala na tumbo lake. Hatua zinakuja kwa mbele, zinapita mlangoni bila kusimama, zinazunguka. Kisha mikono inapapasa ukuta. Chini. Polepole. Mbuzi hana mikono, alisema, akarudi kwenye kinu chake.

Nilikwenda kutazama. Nyuma ya nyumba palikuwa na njia nyembamba kati ya ukuta na uzio, tunapomwaga majivu. Majivu yalikuwa yametandazika, hakuna unyayo, hata wa kuku. Nikainama penye simenti. Palikuwa na alama za vidole vinne, zimeburutwa kutoka juu kwenda chini, tena si mara moja. Niliweka vidole vyangu juu yake. Vyangu vilikuwa vyembamba.

Sikumwambia mtu. Nilisawazisha simenti kwa kiganja, nikanawa, nikaenda kupika.

Mtoto alizaliwa Alhamisi ya kwanza ya mwezi wa saba, mvulana, mzito, na mkunga wetu Mama Émérence alisema hajapata kuzalisha kirahisi hivyo. Alilia vizuri. Tukafurahi. Kisha hakunyamaza. Philomène akampa titi, mtoto akageuza uso. Akampa lingine, akageuza uso. Alilia Alhamisi yote. Ijumaa asubuhi tukampeleka dispansari, muuguzi akamtazama kinywa, masikio, kitovu, akasema mtoto hana ugonjwa wowote, tukamue maziwa tumpe kwa kijiko. Tulimpa kwa kijiko. Akayatapika yote.

Ndipo Mama Émérence akasema kile sisi sote tulichokijua. "Huyu mutoto anaomba jina."

Asiyetoka kwetu aelewe hivi. Mtoto akikataa titi, maana yake kuna mkubwa aliyekufa ambaye amekuja naye na anataka kutambuliwa. Basi mkunga anamweka kifuani kwa mama yake na kuita majina ya wafu wa ukoo, mmoja mmoja, kwa sauti. Jina likiwa ndilo, mtoto ananyamaza na kushika titi. Hilo ndilo jina lake. Mimi mwenyewe nilipatikana hivyo, kwa jina la bibi, na wengi wa rika langu.

Ijumaa jioni Mama Émérence akaita. Babu Kizito. Hapana. Bibi Claire. Hapana. Baba yetu mwenyewe, Élisée. Mtoto akalia zaidi. Mkunga akamgeukia Mama na kumwuliza kama kuna mwingine. Mama akataja shangazi wa mbali, akataja pacha waliokufa wadogo, akataja hata mtumishi mmoja wa zamani aliyezikwa na ukoo. Jumamosi wakaita wafu wa upande wa Philomène, wote wa Moba. Mtoto akalia hadi sauti ikakauka. Na kila orodha ilipofika mahali pale, baada ya baba, Mama alivuta pumzi kidogo na kuruka.

Mimi nilikuwa nimeshika taa au maji au nguo, sikumbuki. Nakumbuka ile pumzi.

Jumapili nilimfuata Mama jikoni. Alikuwa anakoroga uji ambao hakuna aliyeuomba. Nikamnong'oneza kwamba jina tunalijua. Hakugeuka.

"Adrienne, ukimupa ile jina, atakwenda njia ile ile," alisema. "Unataka nimuzike mara mbili?"

Nikamwambia mtoto anakufa sasa hivi, si kesho. Akaendelea kukoroga. Na nisiseme uongo, sikumwona mbaya. Mimi pia niliogopa. Nani angependa kuwa ndiye aliyemtia mtoto wa siku tatu kifo cha aina ile mwilini, kwa kinywa chake? Nilitoka jikoni, na usiku ule mtoto alianza kupoa miguu.

Jumatatu alikuwa halii tena. Alifungua tu kinywa na hakuna kilichotoka. Ngozi ya utosi ilikuwa imebonyea. Mama Émérence alikaa sakafuni karibu na kitanda akiita majina yale yale kwa mara ya nne, polepole, kama mtu anayetafuta ufunguo mifukoni huku anajua haupo. Philomène hakuwa akilia. Alikuwa ameweka titi lake kwenye midomo ya mtoto na kulishikilia hapo.

Sireni ikalia.

Mimi nilikuwa nimesimama mlangoni mwa chumba. Nikahesabu moyoni. Nilijua njia yake: geti la karakana, barabara kuu, duka la Mwarabu, kilima chetu. Jua lilikuwa jingi uani. Mama alikuwa barazani, mikono mapajani.

Hatua zikaja.

Zilipita mbele ya baraza. Mama alizisikia, nilimwona akifumba macho. Hazikusimama mlangoni. Zikazunguka.

Kisha ukuta. Chini. Mikono.

Mama Émérence akanyamaza. Sote watatu ndani ya chumba kile tukatazama mahali pamoja. Simenti ilikuwa inasogea. Si kuanguka. Ilibonyea kwa ndani, taratibu, vidole vinne, kisha kiganja, kama mtu anayesukuma shuka lililoanikwa. Na mtoto, aliyekuwa ameshindwa hata kufumba kinywa, akageuza kichwa kuelekea huko.

Sijui nguvu nilizitoa wapi. Nilitoka nje, nikapita pembeni ya nyumba, nikaingia ile njia ya majivu. Hapakuwa na mtu. Palikuwa na harufu ya mafuta ya mashine na jasho, harufu ya shati lake la kazi ambalo nililifua miaka mitatu. Nikasema kwa sauti ndogo:

"Casimir, si huku. Tulikosea sisi. Pita mulangoni."

Kupapasa kukakoma.

Nikageuka. Sikutazama nyuma. Nikatembea polepole, kama unavyomtangulia mgeni asiyeijua nyumba, na hatua zikanifuata. Hatua mbili zangu, mbili zake. Tukapita barazani. Mama hakufumbua macho, ila alivuta miguu yake ndani kumpa nafasi. Nikafungua mlango wote, mabawa yote mawili, nikasimama kando. Kitu kikapita karibu yangu. Kilikuwa cha moto, si cha baridi kama watu wanavyosema. Cha moto kama mtu aliyetembea juani.

Nikaingia nyuma yake. Nikasema mbele ya wote, kwa sauti ya kila siku, "Mwite Casimir."

Macho ya mtoto wa siku nne hayajui hata kumfuata mama yake. Yale yalifuata kitu, kutoka mlangoni hadi kitandani, yakatulia juu ya bega la Philomène. Kisha akashika titi. Akanyonya. Tulisikia anavyomeza.

Philomène alimtazama mwanawe. Hakuuliza kama ni kweli. Majina yanayoitwa ni ya wafu, na yeye si mtoto. Aliuliza kitu kimoja.

"Tangu lini?"

Nikamwambia tangu mwezi wa pili. Nikamwambia yote, nimepiga magoti: behewa, chai, mkeka, ukuta, kitenge. Nilimwambia alijiua. Nilikuwa sijapata kulitamka neno hilo, na lilipotoka halikuniunguza ulimi, hakuna kitu kilichoanguka. Philomène alisikiliza huku mtoto ananyonya. Nilitegemea kofi. Ningelipokea.

"Nilimutukana," alisema. "Kila siku nilimutukana, na ninyi mulicheka."

Mtoto aliposhiba alimpa Mama Émérence, akatoka uani vile alivyokuwa, damu ya uzazi haijakauka mwilini. Akafungua kilemba, akaketi chini kwenye mchanga, akanyoosha miguu kama mjane, na kulia. Alilia kwa jina. Casimir wangu, Casimir wa breki, Casimir uliyenipeleka Moba ukanikalisha kivulini. Aliita jina lile hadi chini ya kilima. Nyumba za jirani zikaanza kufungwa, mlango baada ya mlango, maana sasa walijua mambo mawili kwa pamoja, kwamba amekufa na kwamba hakuliliwa, na kila mtu wa kwetu anajua hilo lina maana gani.

Hubert alirudi kutoka biro wakati huo. Alisimama na mkoba wake akamwambia Philomène anyamaze, watu wanasikia. Nilikwenda nikaketi kando ya Philomène, nikanyoosha miguu. Hubert akaniambia nisimame. Nikamwambia yale maneno nilishamwambia mwingine, nyamaza watu watasikia, na tulimzika.

Ndipo Mama akainuka barazani. Alikuja anayumba, akakaa upande wa pili wa Philomène, akafungua kinywa. Mwanzoni haikutoka kitu. Kisha ikatoka miezi mitano yote kwa mara moja. Sijasikia tena sauti kama ile na siombi kuisikia. Hubert aliingia ndani na kufunga mlango wa chumba chake.

Matanga hulaliwa nje, na watu huwa wengi hadi mikeka inakosekana. Sisi tulikuwa watatu, na mtoto, na gogo moja la moto. Mama Émérence alikwenda kwake bila kuaga, ingawa aliacha kanga yake. Hakuna aliyeleta unga wala kuni. Tulilala tumechoka, Philomène na mtoto upande mmoja, mimi katikati, Mama upande wa pili, kichwa chake karibu na moto.

Mtoto aliishi, niseme hilo kabisa. Jina lake ni hilo hilo, na ana wajukuu. Alipokuwa kijana akawa na siku zake nzito, kama watu wengine wengi. Siku hizo mama yake na mimi tulikaa naye tukamwuliza, na hatukumpa chai hadi amalize kusema.

Lakini asubuhi ile ya kwanza niliamka kabla ya wote. Umande wa kiangazi ulikuwa umelowesha uwanja mzima, mikeka yetu, nywele zetu, hata majivu pembeni ya moto. Isipokuwa mahali pamoja. Kando ya Mama, upande ambao hapakulala mtu, mchanga ulikuwa mkavu kabisa. Ukavu ule ulikuwa na urefu wa mwanamume, na bega, na goti lililokunjwa kidogo. Mama alikuwa amejifunika nusu tu ya kitenge chake. Nusu nyingine ilikuwa imetandazwa pale pakavu, imeingizwa vizuri pembeni kama unavyomfunika mtu asipigwe na baridi. Nikapeleka mkono. Palikuwa na joto.

Mama alikuwa macho. Alinishika kifundo cha mkono.

"Usimuamushe," alisema.

Tukainuka taratibu, tukasogeza moto, tukazunguka. Philomène alipoamka naye alitazama, akazunguka. Saa moja mlango ukafunguliwa, Hubert akatoka na viatu vyake vya biro na mkoba wake, akashuka barazani kwa haraka kama kila siku. Alifika pale akasimama. Alitazama mchanga. Kisha akavua kofia, akapita pembeni, kwa vidole vya miguu, hadi getini.